Mama Hakushika Bakuli

Asubuhi ile niliondoka bila kujua niendako. Nilivaa mabuti, nikachukua koti na begi langu la mgongoni, nikafunga mlango wa mwenyeji wangu taratibu ili watoto wake wasiamke. Lifti ilikuwa mbovu tena. Nikashuka kwa ngazi, nikipita harufu za chai za nchi nyingi: vitunguu, kahawa, iliki, mkate ulioungua. Majengo ya St. James Town, hapa Toronto, ndivyo yalivyo, kila ghorofa ina asubuhi yake. Nje palikuwa na baridi ile kavu ya Februari inayokukamata puani kwanza, kisha ndiyo inakusalimu.

Mama yangu alikuwa amekufa wiki ile, kijijini kwetu Dodoma, na alikuwa ameshazikwa. Sikwenda kuzika. Makaratasi yangu ya ukaazi yalikuwa bado yanazunguka maofisini, miaka sasa, na ningetoka nisingeruhusiwa kurudi. Kaka yangu alinipigia simu kutoka makaburini, akaiinua juu ili nisikie wanavyoimba. Nilichosikia zaidi ni upepo.

Watanzania wa Toronto walikuwa wamepanga kunipa pole Jumamosi, kwenye ukumbi wa chini wa kanisa moja. Kungekuwa na sala, pilau, rambirambi, na kusomwa kwa historia ya marehemu. Hiyo historia ndiyo iliyonitoa ndani.

Kwetu mtu haagwi bila historia yake kusomwa mbele za watu: alizaliwa wapi, alisoma wapi, alifunga ndoa na nani, aliugua nini, ameacha nani. Huku Toronto kazi ya kuziandika ilikuwa imeniangukia mimi. Sijui ilianzaje. Mimi niliishia darasa la sita. Lakini nilikuwa mtu wa kusoma chochote kilichoandikwa, na wenye shahada walikuwa wamezoea Kiingereza cha ofisini mpaka Kiswahili chao kikawa kinawakwama kila penye jambo zito. Basi mtu akifiwa ananipigia simu, ananieleza huku analia, nami naandika. Nimeandika mama za watu wengi ambao sikuwahi kuwaona hata kwa picha. Nilishajua kipimo chake. Mlevi nilimwandika mcheshi. Mwanamke aliyeachwa na mumewe nilimwandika mvumilivu. Aliyekuwa hana kitu nilimwandika mkulima hodari. Watu walishukuru, wakaomba nakala wakatume nyumbani.

Zamu ya mama yangu ilipofika, nilikaa mezani kwa mwenyeji wangu na kalamu haikutaka kuandika mkulima hodari. Alilima, ndiyo. Alilima mtama na uwele kwenye ardhi nyekundu ambayo mvua iliikumbuka ilipojisikia. Lakini si hilo lililotuweka hai. Niliandika hivi: kwamba mwaka mmoja wa njaa, baba akiwa ameondoka kwenda kutafuta kazi asirudi, mama alitutoa watoto watatu, akatembea nasi mpaka mjini Dodoma, akasimama mbele ya maduka, akaomba. Akaomba msimu mzima, na mwaka uliofuata tena. Tulikula. Hakuna aliyekufa kati yetu. Niliandika hayo kwa sentensi fupi, nikaona kwamba ndiyo mara ya kwanza nimemwandika mtu nikamtambua.

Mwenyeji wangu alikuwa mwenyekiti wa kamati ya msiba. Alikuwa mtu mwema, nataka hilo lieleweke. Alinipokea nilipoacha kazi ya mwisho, akanipa kochi la sebuleni, na hakuwahi kuniuliza nitaondoka lini. Mhasibu, mtu wa tai na viatu vinavyong'aa hata wakati wa theluji. Alisoma karatasi zangu amesimama, kikombe mkononi.

"Mdogo wangu, hapa umeandika vizuri," alisema. "Hapa pia. Hapa hapana."

"Lakini ni kweli, kaka."

"Nani kakataa? Mangapi ya kweli hatuyasemi msibani?"

"Hakuiba. Aliomba."

"Sikiliza. Watoto wetu watakuwepo pale. Kila siku shuleni wanaulizwa kama kwetu watu wanalala njaa. Wanakuja nyumbani wanalia, tunawaambia hapana, waambieni wenzenu sisi hatuko hivyo. Halafu Jumamosi tuwasimamishie mtu aseme ndiyo, tuko hivyo?"

Hata leo sina jibu zuri la swali lile. Alichukua penseli ya mwanawe, akapiga mstari juu ya sentensi zangu, mstari mwepesi, wa adabu, na pembeni akaandika: *alikuwa mkulima hodari na mcha Mungu.* Kisha akanishika bega na kuniambia nilale, macho yangu yamekuwa mekundu.

Sikulala. Kulipopambazuka nikaondoka na karatasi zangu begini. Sikuwa nimemkasirikia. Nilikuwa nimechoka tu, uchovu ule ambao mtu hawezi kukaa nao kwenye kochi la mwenzake.

Maisha yangu yote nimekuwa mtu wa kuondoka. Nilifika Kanada miaka ya mwanzo ya elfu mbili, na tangu hapo nimepakia maboksi, nimeosha sahani, nimechuma nyanya kwenye nyumba za vioo nje ya jiji, nimekunja mashuka ya hospitali. Sifukuzwi. Siku moja tu nakuta nimeshajua kila kinachofanyika mahali pale, mashine inavyofunguliwa, nani hasemi na nani, na miguu inaanza kuwasha. Watu waliosoma huita hiyo kukosa malengo. Huenda wana haki.

Nilipanda treni ya chini ya ardhi kuelekea mashariki kwa sababu ndiyo iliyofika kwanza. Behewa lilijaa watu wa zamu za usiku waliokuwa wakirudi makwao, na watu wa zamu za asubuhi ambao walionekana wamechoka hivyohivyo. Nilikwenda mpaka mwisho wa njia, nikapanda basi, na nilipoona tumefika Agincourt nikashuka, kwa kuwa niliwahi kufanya kazi kwenye ghala moja la huko na nilijua duka la mikate la Wachina ambapo mtu anaweza kukaa na kikombe kimoja bila kuangaliwa vibaya.

Nikakaa dirishani. Nikazitoa karatasi, nikazirudisha.

Nilikumbuka mlango wa nyumba yetu. Ulikuwa ni gunia la mahindi ya msaada, limefumuliwa na kutundikwa. Lilikuwa na maandishi makubwa ya buluu, na mama, ambaye hakujua herufi hata moja, alilitundika maandishi yakiwa ndani ili upepo na vumbi visiyafute. Alifikiri ni kitu cha maana. Nililala miaka nikiyatazama maandishi yale, nikayanakili kwenye vumbi kwa kijiti kabla sijaanza shule. Nilipofika darasa la kwanza, mwalimu alishangaa kuona najua kuandika kwa Kiingereza *haiuzwi*, na sijui kuandika jina langu. Darasa la sita, njaa ya pili ikaja, mama akanipeleka kuchunga ng'ombe wa watu kwa malipo ya debe la mtama, na shule ikaishia hapo. Sikumlaumu. Nilijua debe lile linakwenda wapi.

Simu ikaita. Sauti ya mwanamke ikanivamia kabla sijasema halo.

"Wewe ombaomba! Umefiwa, huniambii?"

Niliijua sauti hiyo. Alikuwa Mhehe wa Iringa, mama wa makamo, mlezi katika nyumba ya wazee huko Weston. Tulikutana mara moja tu, kwenye harusi ya watu, na alipojua mimi ni Mgogo alinyang'anya sahani yangu mbele ya meza nzima akisema Mgogo hapewi nyama, anazoea. Watu walicheka, nami nikacheka. Wahehe na Wagogo ni watani. Mababu zetu walipigana mpaka wakachoka, kisha wakapeana ruhusa ya kutukanana bila kugombana. Mhehe tunamcheka kwamba anakula mbwa. Mgogo wanamcheka kwamba ni ombaomba. Na penye msiba mtani ana kazi yake rasmi: ni lazima aambiwe mapema, huja akawacheka wafiwa, akamwigiza marehemu, akashika vitu vyao mpaka alipwe, na hakuna mwenye mamlaka ya kumkataza. Nilikuwa nimekaa ugenini muda mrefu mpaka nimesahau kwamba kuna mtu nilipaswa kumwambia.

"Shikamoo, dada," nilisema.

"Shikamoo yako kaa nayo! Mama yangu anakufa, naambiwa na simu za kundi kama vile mimi Mzungu. Uko wapi?"

"Agincourt."

"Unafanya nini Agincourt?"

"Nakunywa chai."

"Jamani! Mfiwa anatembea! Mfiwa anakunywa chai madukani! Nani kakutoa ndani?"

"Nimejitoa mwenyewe."

Nyuma yake nilisikia redio, na maji yakimwagika kwenye sinki. Aliposema tena alikuwa ameshusha sauti.

"Una begi?"

"Ninalo."

"Njoo Weston," akasema, akanielekeza jengo, akakata simu.

Nikalivuka jiji zima kutoka upande mmoja hadi mwingine. Basi, treni, basi. Njiani nilijaribu kufikiria nitamwambia nini mwenyekiti, na kila sentensi niliyoitunga iliishia katikati. Ningeweza kusoma historia yake, ile ya mkulima hodari, na watu wangelia vizuri, wangekula vizuri. Mama alikuwa ameshazikwa. Historia haingemfufua wala kumshibisha. Kilichonisumbua ni kwamba baada ya Jumamosi, hakuna mahali duniani ambapo jambo lile alilolifanya lingekuwa limesemwa kwa sauti. Kaka yangu halisemi. Mdogo wetu wa kike aliolewa mbali na halisemi. Lingebaki kwangu, na mimi ni mtu wa kuhamahama.

Weston Road ilikuwa na maduka ya kusuka nywele, ya simu, ya vyakula vya Karibea, na moja lenye magunia ya unga wa mahindi dirishani. Nyuma ya maduka yalisimama majengo ya zamani ya matofali, na nyuma ya majengo mto Humber ulikuwa unapita chini ya barafu. Wazungu walikuwa wakitembeza mbwa ukingoni.

Alifungua mlango kabla sijagonga mara ya pili. Mfupi, mnene, kitambaa kichwani, sare ya kazini bado mwilini. Alinitazama kuanzia juu hadi chini.

"Hatuna makombo leo, mtani. Jaribu jirani."

"Nimeona mbwa wengi huko mtoni," nilisema, "nikajua Wahehe bado hamjafika wengi Weston."

Akapiga kicheko ambacho nadhani kilisikika ghorofa ya juu. Kisha akanikumbatia, akanishika hivyo kwa muda, akasema pole, mara moja tu, kwa Kihehe. Nilipoinama kuvua mabuti mlangoni, akayachukua yote mawili, akaingia nayo chumbani kwake, nikasikia ufunguo ukizungushwa.

"Dada, mabuti yangu."

"Faini. Hukunipa taarifa. Utayapata ukileta kuku."

"Kuku wa dukani au?"

"Wa dukani ameshakufa, ana msiba wake. Nataka kuku anayetembea."

"Toronto hii nitampata wapi kuku anayetembea?"

"Hilo ni lako. Kaa."

Nikakaa. Alisonga ugali, akachemsha bamia zilizogandishwa, akazipondaponda mpaka zikavutika karibu kama mlenda wa nyumbani. Tulikula kwa mkono, na mimi nilikula kama mtu ambaye hakujua ana njaa. Hakunitania nilipoongeza. Kisha akakausha mikono.

"Haya. Nasikia umeandika, mwenyekiti akakata. Lete."

Habari zilikuwa zimekwisha kumfikia, bila shaka kupitia mke wa mwenyekiti. Nikampa karatasi. Akavaa miwani, akasoma polepole, midomo ikitembea. Nilimtazama alipofika kwenye mstari wa penseli, na nikaona alivyoinamisha karatasi kuelekea kwenye mwanga ili asome kilichokuwa chini yake.

Redio ilikuwa inasema habari za barabara. Akanyosha mkono, akaizima.

Nilimwelewa vizuri. Alikuwa amenifanya ombaomba harusini, kwenye simu, na mlangoni. Utani una raha kwa sababu haugusi mtu. Sasa ulikuwa umegusa. Nilisubiri aniombe msamaha, na niliogopa, maana nilijua akiomba msamaha basi hatutakuwa watani tena. Atakuwa ni mama mmoja anayenionea huruma, na wa namna hiyo nilikuwa nao wengi.

Akavua miwani.

"Kumbe wewe ni Mgogo halisi," akasema. "Wengine wote wananidanganya."

Nilicheka. Sikutegemea kucheka. Kilitoka kama kikohozi, kikaendelea, na mwisho wake sijui kama kilikuwa bado kicheko. Aliniacha mpaka nilipomaliza, akanisukumia kitambaa cha kufutia meza, kwa kuwa ndicho kilichokuwa karibu.

"Mwenyekiti asome hiyo yake ya mkulima hodari," akasema. "Ni mtu mzuri, tusimwaibishe. Akimaliza, nasimama mimi. Mtani akisimama, mwenyekiti anakaa. Si ndiyo?"

"Ndiyo."

"Namwigiza mama yako. Najifunga kaniki, nachukua bakuli, nazunguka ukumbi mzima ninaomba. Naanza na mwenyekiti. Rambirambi yenu yote inapita kwenye bakuli la mama. Watu watacheka, watatoa. Na watoto wao wakiuliza yule mama anafanya nini, wataambiwa: alikuwa na watoto watatu na hakukuwa na chakula, akawaombea, wakaishi, mmoja wao ni yule pale kwenye kiti. Wataambiwa hivyo na mama zao wenyewe. Mimi sitasema kitu, mimi ni kichekesho tu."

Alikuwa ananitazama usoni, bila utani.

"Lakini ukisema hapana, sifanyi," akasema. "Huyo ni mama yako."

Nilitazama dirishani. Treni ya uwanja wa ndege ilipita, ile mpya yao, safi, karibu tupu. Nilikuwa nimeandika sentensi zile kwa uzito wote niliokuwa nao, nikitaka ukumbi unyamaze. Sasa ukumbi ungecheka. Nilimfikiria mwenyekiti na viatu vyake vinavyong'aa akitazama bakuli likija, na watoto wake ambao nimewasikia wakilia sebuleni kwa maneno ya shuleni. Nikafikiri pia juu ya yale maduka ya Dodoma. Watu wa pale hawakunyamaza mama alipokuwa amesimama. Walizungumza mambo yao, walicheka, walitoa au hawakutoa. Kucheka hakukumzuia kupata unga.

"Hakushika bakuli," nilisema.

"Alishika nini?"

"Kitenge. Alishika ncha mbili hivi, kikafanya kama mfuko. Na hakusema naomba. Alisalimia tu. *Mbukwenyi.* Halafu anasubiri."

"Mbukwenyi," akarudia, kwa lafudhi mbaya ya Kihehe.

"Si hivyo. Unavuta mwisho kidogo."

"Usinifundishe kuomba, mwenye fani." Akainuka, akaanza kukusanya sahani. Nilitaka kumsaidia, akanizuia kwa kiwiko. Mfiwa haoshi vyombo.

Alinionyesha chumba kilichokuwa cha binti yake, aliyekwenda chuo mji mwingine. Kilikuwa na kitanda chembamba, cherehani iliyofunikwa, maboksi ya nguo za kutuma Iringa, na picha za waimbaji ukutani ambao sikuwajua. Aliyasukuma maboksi kwa mguu, akaweka blanketi.

"Utakaa hapa mpaka nipate kuku wangu," akasema. "Na ukimpata haraka, nitadai mbuzi."

"Sina kazi kwa sasa, dada."

"Nimekuuliza? Huko kwetu kazini wanatafuta mtu wa kufua. Mashuka unayajua. Tutaongea baada ya msiba. Lala."

Ilikuwa bado mchana, lakini nililala kitandani na soksi zangu, begi likiwa halijafunguliwa. Nilikuwa nimechoka mpaka kwenye meno. Sikuwa na mabuti, na nje kulikuwa na theluji mpaka magotini, na kwa mara ya kwanza baada ya siku nyingi sikuwa nikifikiria mlango uko upande gani.

Nilisikia hatua zake koridoni, zikienda na kurudi, zikisimama, zikianza upya. Kisha akagonga ubao wa mlango.

"Mtani. Umelala?"

"Bado."

"Alipokuwa anaomba, aliinama, au alisimama?"

Nilifumba macho ili nimwone vizuri, mbele ya duka la vitambaa, jua limempiga usoni, mdogo wetu mgongoni.

"Alisimama wima," nilisema.

"Sawa," akajibu, na nikamsikia akianza tena kutembea.